Watu Waliosikitika

Kilburn, London
10 Agosti 2001

Kaka yangu mpenzi Hafidh,

Assalaam alaykum. Natumai barua hii itakukuta huko Mombasa ukiwa mzima, na kile kikohozi kimekwisha. Sisi hapa hatujambo. Mama anakusalimu, anasema ule, usijifanye umeshiba.

Skuli nimemaliza na nimepata kazi kwa Bi Jennifer, bibi mmoja wa Kimarekani anayeishi chini yetu. Ni mwanahistoria, na macho yake hayaoni vizuri, basi namsomea kitabu anachokiandika naye anasahihisha kwa kusikiliza. Mama alicheka, akasema mimi ninayejificha jikoni wageni wakija, leo nalipwa kufungua mdomo.

Kitabu kinahusu Wamarekani na Mayahudi waliokuwa wakiwakimbia Wanazi. Nilidhani Wamarekani hawakujua. Bi Jennifer akanambia walijua, magazeti yaliandika, na wengi walisikitika kwelikweli, ila hawakutaka wageni zaidi. Hata nafasi zilizoruhusiwa na sheria, miaka mingi hazikujaa. Jamaa waliokuwa Marekani walihangaika kutafuta hati za dhamana za kuwaingizia, huku wakiwaandikia wenzao wasubiri kidogo. Nikamuuliza kwa nini hawakuwaambia kwamba mambo hayaendi. Akasema labda kwa kuwa waliwapenda, na wapo waliosubiri mpaka njia nyengine zote zikafungwa. Sikuweza kuendelea kusoma. Alidhani nimechoka, akanipa chai.

Kaka, sikuchoka. Tangu Aprili wakili amemwambia Baba kuwa ombi lako la kuja huku limekataliwa. Umeshapita miaka kumi na minane, huhesabiwi tena kuwa mtoto wa kumfuata mzazi. Baba akaamua usiambiwe kwa simu nawe uko mbali na wazazi. Tungoje apatikane mtu wa kukukalisha chini akueleze. Hakupatikana. Ndiyo maana kila ukipiga anakujibu inshallah, na Mama anatoka chumbani. Juzi ulipomwambia Baba kuwa viza ya kazi aliyokutafutia Ami Mbarouk huko Muscat inakwisha mwezi huu, na unafikiria kuiacha ili utungoje sisi, alikujibu uwe na subira. Alipoweka simu alilia. Nilimwomba akupigie tena. Akasema mimi mtoto, sijui mtu akivunjika moyo ugenini huwa vipi.

Labda sijui. Kukuleta siwezi, na kwenye simu sauti hainitoki. Barua hii namkabidhi Makena, muuguzi jirani yetu, anayekuja Mombasa kesho kwa likizo. Baba usimkasirikie, anakupenda. Lakini huku hakuna mlango, Kaka. Nenda Muscat.

Nisalimie wote wanaokutazama huko. Mwenyezi Mungu akufikishe salama.

Mdogo wako,
Hayat