Usiende Songea Kwanza

Basi, kama nilivyokuwa nakueleza kabla simu haijakatika, kaka Joakim, ndoa ni tamu mno! Shikamoo. Wewe, wifi Scholastica na watoto hamjambo huko Liuli? Sisi huku Mapera wazima, ila baridi inanitesa mimi mtoto wa ziwani. Naandika kwa sababu simu hapa husikilizwa na nyumba nzima.

Kilian ananipenda, kaka, mpaka naona haya kusimulia. Amenifundisha kulima ngolo, mashimo yale ya mlimani. Yeye hufyeka majani na kuyalaza kwa miraba, mimi namfuata na jembe nikiyafunika udongo. Maharage yangu yameshachipua, nayatazama kama niliyoyazaa.

Lakini kuna neno limeninyima raha. Ulisema baba mkwe wangu, mzee Bernadi, amekushauri shauri la shamba la marehemu mama ulipeleke moja kwa moja Mahakama Kuu Songea, eti mabaraza ya huku yako mfukoni mwa mjomba Vitalis. Mzee huyu amekuwa mjumbe wa Baraza la Kata miaka mingi! Anajua kuliko sisi kwamba kata husuluhisha kwanza, ikishindwa mnakwenda Baraza la Ardhi la Wilaya, na Songea mnafika kwa rufaa. Nilipomuuliza kwa adabu wakati wa kula, alisema kumbe bibi harusi wa juzi anataka uhakimu. Wote wakacheka. Kilian peke yake aliinamia sahani.

Tena Desemba inatimia miaka kumi na miwili tangu tumzike mama na mjomba akalichukua shamba. Songea wakikurudisha kwa kuruka njia, muda wa kudai ardhi utakuwa umekwisha. Nikajiuliza, anayefaidika ni nani?

Juzi nimemjua. Jirani yetu, mama Gaudiosa, alinikuta napalilia, akanipongeza kwa sauti kubwa kwamba kumbe tumepatana na Vitalis, hata nalima shamba la mama yangu. Nilidhani ananitania. Akanishika mkono, akanionyesha mibuni aliyoipanda na mama wakiwa wasichana.

Kaka, tumekulia ziwani, ningelijuaje? Mjomba amempa mzee Bernadi shamba lile. Majani yale nimeyafunika kwa mikono yangu mwenyewe. Nisamehe.

Nilimbana Kilian. Amekiri alijua tangu kabla ya harusi, na anaogopa kwamba akisema ukweli barazani baba yake atamfukuza. Na bado nikimwona anaingia mlangoni moyo unaruka. Hilo ndilo linaloniudhi zaidi.

Usifungue chochote Songea. Andaa malalamiko ya Baraza la Kata, nami nitashuka Liuli kabla mwezi haujaisha ili tupande nayo pamoja. Ukiniona na Kilian, ujue tumepata shahidi. Ukiniona peke yangu, tafadhali usiniulize habari zake mbele ya watoto.

Wabusu wote kwa niaba yangu.

Mdogo wako akupendaye,
Careen