Tiki za Wodi ya Wazazi

Nyumba za Wafanyakazi wa Hospitali,
S.L.P. 73.
9 Agosti

Mpendwa Dada,

Shikamoo. Natumaini u mzima na lile goti limeacha kukusumbua. Shemeji naye amepunguza ubishi, au ndiyo kwanza anaanza? Sisi huku miili ni mizima. Roho yangu ndiyo imechafuka.

Umeuliza kama umlete binti yako ajifungulie kwetu, maadamu mama yake mdogo nipo, na hospitali umesikia inasifiwa redioni kwa kuwaheshimu wazazi. Nilitaka kukujibu siku ileile kwamba mlete. Bahati nzuri nilichelewa.

Kazi yangu unaijua: dawati la wodi ya wazazi na fomu za wizara. Mama akiruhusiwa, namuuliza alisikilizwa, alisitiriwa, alihudumiwa kwa heshima? Ndivyo inavyotakiwa. Lakini kila Jumatatu muuguzi mkuu huniletea bunda zima, nami hutia tiki kwenye "ndiyo" za wiki nzima kabla hao akina mama hawajashikwa na uchungu. Eti kurahisisha kazi. Na mimi, mjinga, nilikuwa najisifu nina mkono mwepesi.

Sasa sikia uchafu wenyewe. Mradi wa wizara ulioleta fomu hizo umeleta pia mafunzo ya wanawake kujihami, kila Jumamosi ukumbini kwetu. Mwalimu ni askari mstaafu, mwanamke mfupi, kifua mbele, tunamwita Kisiki. Nilipangwa na fundi cherehani aliyejifungua hapa mwezi wa tano. Kisiki akaniambia niinue mkono kama nataka kumzaba kofi, mwenzangu audake na kuusukuma pembeni.

Nikainua. Dada, yule mwanamke hakudaka kitu. Alifumba macho, akaweka mikono yote miwili kichwani, akasema polepole, "Nisamehe sista, sipigi kelele tena."

Halafu mmoja nyuma akasema hata yeye alizabwa, chumba kilekile cha kujifungulia. Na mwingine. Nikatoka nje, nikatapika kweli, si maneno ya kuremba barua.

Nilimwendea muuguzi mkuu. Alicheka. Bila kibao mzazi hasukumi, akasema, mbona hata yeye alipigwa na wanawe wote ni wazima. Kisha akanisogezea bunda la wiki ijayo. Loo, nyuso za watu hawa ni kavu! Wanavaa nguo nyeupe pee, na kunawa wananawa.

Nikaitafuta fomu ya yule fundi. Ipo. Heshima: ndiyo. Chini sahihi yangu, nimeipamba na kimkia. Siku hizi nikiuona mkono wangu mwenyewe kinyaa kinanishika.

Bunda sijaligusa. Nauliza kitanda kwa kitanda, naandika ninachoambiwa, na wodi nzima imeninunia. Kazi huenda ikaniponyoka, na iponyoke.

Nisalimie shemeji, mama mkwe wako na kitindamimba wetu mtundu.

Binti usimlete. Mtafutie mahali watakapokuruhusu kukaa naye chumbani. Sifa ulizosikia redioni niliziandika mimi, Dada, kabla wazazi hawajafika.

Mungu amfungue salama, mikononi mwa watu wenye haya.

Mdogo wako anayekupenda,
Chiriku