Nafasi ya Kunenepa

Mpendwa Baba Grace,

Asubuhi ile uliponiambia "shikamoo, mama" tukiwa bado kitandani, niliitika marahaba. Ningefanyaje? Wewe mkubwa kwangu, nywele zote nyeupe, unaniamkia mimi mkeo kwa adabu kama mgeni. Nilienda jikoni nikalia kidogo, kisha nikabandika chai.

Nesi wa kliniki alikuwa ametueleza kwamba kumbukumbu zikipotea, mikono, pua na masikio hubaki na zao. Tukupe vitu vya kushika, kunusa na kusikiliza. Binti yetu Grace akaanza na mchanga laini wa ziwani, akaujaza kwenye beseni, akakutia miguu humo. Ukauliza fundi mwashi anakuja lini. Tukakuletea mchaichai unuse, ukautumbukiza kwenye chai yako ukanywa. Redio uliizima, ukasema unamwonea huruma yule mtu anayeongea peke yake.

Ndipo nikakumbuka vipande vya vitambaa kwenye kibanda chako cha ushonaji pale Igogo. Nikajaza kikapu: vitenge, tetroni, mahameli. Nikakuwekea mapajani. Ulipogusa cha kwanza, uso ukakunjuka. Ukavisugua kimoja kimoja kwa dole gumba huku ukiimba kwa sauti ya chini. Jioni hiyo hukuhangaika mlangoni kutaka turudi kwetu, wakati kwetu ni hapo hapo.

Walioteseka ni wageni. Mchungaji alikuja kukuombea, nawe katikati ya sala ukamshika bega la koti, ukamwambia limekaa vibaya, aliache, litakuwa tayari Alhamisi. Akaitikia amina. Mimi nilitoka nje kucheka, maana katika ndoa yetu yote sijaona nguo yako iliyokuwa tayari Alhamisi.

Siku moja zamu ikawa yangu. Nimeinama nikufunge vifungo vya shati, ukashika ubavu wa gauni langu la kijani. Ukaugeuza mshono, ukaupima kwa kidole, ukauliza nani alinishonea. Nikasema ni mume wangu.

"Alikupenda huyo," ukasema. "Amekuachia nafasi ya kunenepa."

Nilikaa chini pale pale kwenye mkeka. Jina langu hukulijua siku hiyo, wala siku zilizofuata, lakini sikukudai tena.

Sasa umelala Misungwi, karibu na wazee wako. Wengine huzuni huwakondesha. Mimi imenipeleka kwenye sufuria. Wiki iliyopita gauni lile lilikataa kufunga, nikalipeleka kwa fundi kijana. Akafumua ubavuni, akaniambia bado kuna kitambaa cha kutosha, hata likinibana tena litapanuka.

Nikamwambia najua.

Pumzika, baba. Usiwe na wasiwasi na mimi, nakula.

Mkeo,
Mama Grace