Kitovu Chako Kimeniangusha Barazani

S.L.P. 40,
Mchombe, Ifakara.
8 Oktoba, 2023

Mpendwa kaka Beatus,

Shikamoo. Habari za huko Bukoba? Wifi Frida na watoto wanaendeleaje, na kile kikohozi cha mdogo kimeisha? Sisi huku ni wazima. Mama anakula vizuri, ni miguu tu inayomsumbua asubuhi. Joto la mwezi huu limetukausha, kila mtu anaangalia juu kungojea mvua.

Nimeamua kuandika kwa sababu kwenye simu nikipandisha sauti tu, unasema mtandao unasumbua. Barua haina mtandao. Kaa uisome mpaka mwisho.

Kesi ya shamba la marehemu baba imeondolewa. Na si Fulgensi aliyeniangusha, kaka. Ni mama yetu mzazi.

Fulgensi unamfahamu, yule jirani ambaye baba alimwazima kipande alime msimu mmoja, mwaka ule mafuriko yalipomharibia. Baba alipofariki akaanza kusema eti aliuziwa shamba zima, na msimu uliopita akaingiza trekta. Ndipo nikafungua kesi baraza la ardhi, Ifakara. Nimepanda mabasi na vumbi lake, nimelala kwa watu, nimebembeleza mashahidi. Wewe ulinitumia pole.

Siku ya ushahidi nikamleta mama. Nilijua huyo ndiye atakayemaliza ubishi, maana pori lile walilifyeka yeye na baba. Na kweli alieleza vizuri, akataja mpaka mti waliofungia chandarua. Fulgensi kainamisha kichwa. Kisha mwenyekiti akamuuliza, sasa mama, shamba hili ni la nani? Mama akajibu bila hata kumeza mate: "La mwanangu Beatus. Nilimzaa palepale, chini ya dungu la kulindia shamba, tukiamia ndege wasimalize mpunga, na kitovu chake tulikizika palepale. Huyu Jenifer analima tu."

Analima tu! Jamani! Nilitamani sakafu inimeze. Mwenyekiti, mtu mpole, akamrudia swali akidhani hakuelewa. Mama akajibu vilevile, safari hii kwa sauti ya kuimbia kanisani. Fulgensi akainua kichwa, meno yote nje.

Ikawa basi. Shahidi wangu mwenyewe kasema shamba si langu, nadai nini tena? Mwenyekiti alitueleza kwamba kama mali ni ya marehemu, ukoo ukae, umchague msimamizi wa mirathi, mahakama imthibitishe, na huyo ndiye arudi kumshitaki Fulgensi. Kwa hiyo bado tuna nafasi. Lakini mvua zikitukuta tumekaa, atalima tena, na kila anapolima watu wanazidi kuzoea kuliita shamba lake.

Sasa nikwambie la moyoni. Nina wivu na wewe, na sioni haya kulisema. Mimi nilizaliwa hospitali, kitovu changu hata sijui walikitupa wapi. Hilo nalo ni kosa langu? Tangu uondoke, nani amefukuza ndege mle mpaka sauti ikakauka? Nani alivuna na mimba ya miezi minane? Ulipokuja Krismasi mama alikuchinjia bata, na aliyemnyonyoa ni mimi. Ukala, ukamsifia mama kwa mchele mtamu. Mchele ule niliulima mimi, Beatus! Mama alicheka tu, akakuongezea wali mwingine.

Tukirudi kutoka Ifakara sikumsemesha mpaka tukapita Idete. Wala hakujua kama nimenuna. Aliniuliza kama nadhani utafurahi ukisikia alivyokutetea.

Kikao cha ukoo ni Jumamosi ya mwisho ya mwezi huu. Baba wadogo wameshaanza kusema msimamizi uwe wewe, na mama anaitikia kwa kichwa. Sasa wewe utasimamia nini kutoka Bukoba? Kila kesi ikitajwa utapanda basi uje? Itaahirishwa mpaka tuote mvi, na Fulgensi anavuna.

Njoo mara hii moja. Omba ruhusa kazini, uje usimame mbele yao useme msimamizi awe Jenifer. Mimi nimeshalisema mwenyewe, wakaniangalia kama mtu aliyekohoa, wakaendelea na mazungumzo yao. Ukilisema wewe, mama atapiga vigelegele. Najua atapiga. Haki yangu mwenyewe mpaka itoke mdomoni mwako ndipo isikike, na hilo linaniuma kuliko trekta la Fulgensi. Lakini nakuomba uliseme.

Msalimie sana wifi Frida, na watoto uwabusu kwa niaba ya shangazi yao. Mwanangu Evod anakuamkia. Mama naye anakusalimu. Tangu asikie kwamba huenda ukaja, miguu haimuumi tena, leo amefagia mwenyewe chumba chako na kukataa nisimsaidie. Mungu akufikishe salama.

Wako akupendaye hata akiwa amenuna,
Jenifer