Maisha ya Mirini Niliyokusomea

Baba,

Banda la video nimelifungua tena siku ya mnada uliopita. Mabenchi ni yale yale. Moja lilivunjika mguu wakati wa matanga, fundi ameupigilia ubao. Jenereta bado linakohoa mara mbili kabla ya kuwaka, na mimi nalitukana kama ulivyokuwa ukilitukana, ila kwa sauti ya chini, maana mtoto wa kike akitukana jenereta Karatu nzima itajua kabla ya jioni.

Tulikuzika kijijini Buger kama ulivyotaka. Masika yalikuwa yameanza na gari lilikwama mara mbili. Akina mama wa mashamba ya kahawa ya Oldeani, wale wateja wako wa benchi la mbele, walishuka wakalisukuma, wakafika kaburini wana tope hadi magotini. Mama ameanza kula vizuri. Kwenye makande anaweka chumvi kidogo bado, kama vile presha yako ingalipo mezani. Hakuna anayemsema.

Hayo ndiyo ya nyumbani. Ninachokuandikia hasa ni habari ya Mirini.

Najua unaikumbuka, lakini acha niianze mwanzo, kwa sababu mwanzoni ndipo nilipoharibu. Ulikuwa mpishi wa loji kule juu ukingoni mwa kreta, mimi nipo darasa la sita. Wageni wawili wa Kikorea walikuachia kanda ya muziki kwa sababu uliwapikia uji wa wali mmoja wao alipoumwa tumbo. Kwenye kasha palikuwa na picha ya msichana mwenye gauni la kijani na alama nyeusi chini ya jicho la kushoto. Nyuma yake majani mabichi yanapanda kilima. Ndani mlikuwa na karatasi iliyokunjwa, upande mmoja Kikorea, upande wa pili Kiingereza.

Ulikuja nayo likizo yako ya mwezi. Ulikaa kwenye kigoda, ukavua viatu, ukaniita. "Martina, njoo umsomee baba yako huyu mtu ni nani."

Nilikuwa wa kwanza darasani kwa Kiingereza. Wewe ulikuwa umewatangazia wapishi wote, na madereva, na hata yule mlinzi wa Kimasai wa getini ambaye hakukuuliza. Nilishika karatasi ile, na katika karatasi nzima nilielewa "mother", "sing" na "green". Ningesema sijui, yangekwisha. Lakini ulikuwa umenitazama kwa namna ile, tayari umeshaanza kutabasamu. Basi nikasoma. Nikasoma vitu ambavyo havikuwepo.

Nikakwambia anaitwa Ha Mirin, hilo angalau lilikuwa kweli. Nikasema alizaliwa milimani, mama yake mchuma kahawa kwenye shamba la watu, kama Oldeani tu, na majani yale ya kwenye picha ndiyo shamba lenyewe. Nikamuua baba yake, nisamehe. Nikasema alikuwa akiimba huku anachuma, meneja akamsikia, akampeleka mjini. Ulitikisa kichwa ukasema, "Mirini, mtoto wa watu." Kisha ukanipa biskuti za loji pakiti nzima, na nilizila zote nyuma ya nyumba, peke yangu, bila raha.

Ulipoungua mguu kwa mafuta ukaacha kazi ya loji, ukaja kufungua banda hapa karibu na soko. Nakumbuka watu walivyokucheka, mpishi wa wazungu sasa anafasiri sinema. Lugha za watu hukuzijua. Uliangalia nyuso, ukasimulia, na watu walilia pale pale pa kulia. Miaka ikapita. Siku moja ukarudi kutoka Arusha na CD za tamthilia ya Kikorea, hukusalimia mtu, ukanisukumia kasha usoni. "Alama hiyo chini ya jicho. Nani huyu?" Wote walikuambia Wakorea wanafanana. Ulikataa. Ulinituma intaneti nikahakikishe, nikakaa pale nusu saa nikisubiri ukurasa mmoja ufunguke, nikamkuta. Ni yeye. Ameacha kuimba, sasa ni mwigizaji. Ulifurahi siku ile kama umemwona ndugu aliyepotea.

Tangu hapo kila kabla ya onyesho ulisimama mbele, mguu ule mbovu umeuegemeza kwenye spika, ukawasimulia maisha yake. Kahawa, mama, meneja. Halafu unanigeukia nilipokaa na rimoti. "Ndivyo, Martina?"

Nami najibu, "Ndivyo, baba."

Kila onyesho, baba. Watu walizoea, wakawa wananijibia.

Sasa sikiliza. Nilipofika kidato cha tatu niliitoa karatasi ile kwenye mkebe wako wa misumari, nikaisoma kweli. Nilijua tangu siku hiyo. Mirini ni mtoto wa mjini. Baba yake ni daktari wa meno na alikuwa mzima. Ile kijani ya nyuma ni uwanja wa gofu. Niliirudisha karatasi chini ya misumari, nikafunga mkebe, na jioni yake uliponigeukia nikasema ndivyo. Nilijiambia haina madhara. Nilijiambia wewe ni mtu mzima, na kukuaibisha mbele ya watu ni vibaya. Ukweli ni kwamba niliogopa kukuona umeacha kutabasamu.

Ulipokufa jambo hilo lilinirudia. Watu wanakuja kutoa pole, wananieleza jinsi baba yangu alivyokuwa mkweli, na mimi nawaza, amezikwa na uongo wangu mdomoni. Sikumwambia hata mama.

Siku ya kuondoa matanga alikuja Elirehema, yule dereva wa watalii Mmachame mliyekuwa mkila naye jikoni loji. Alikaa, akanywa chai, akaanza kuzungumzia vitu vyako, akafika kwenye kanda. Akacheka. Akasema uliwahi kumpa ile karatasi akusomee, wakati mimi nipo kidato cha kwanza. Alikusomea yote. Daktari wa meno, gofu, yote. Alitaka kunitania siku nyingine tulipokutana stendi, ukamkataza. Alisema ulimwambia hivi: "Muache. Siku atakayojua kusoma atanirekebisha mwenyewe."

Niliondoka pale na birika mkononi, nikaenda kusimama kwenye zizi la mbuzi.

Baba, kumbe ile "Ndivyo, Martina?" lilikuwa swali! Mimi nilidhani ni mbwembwe za mbele ya watu. Kila onyesho ulinifungulia mlango, ukasubiri kidogo, mimi nikaufunga. Nina hasira na wewe, nakwambia wazi. Ungeweza kuniita pembeni. Ungeweza kunitania tu, nawe ulikuwa bingwa wa kutania. Kisha hasira inanigeukia, kwa sababu najua nani alikuwa na karatasi na nani alikuwa na Kiingereza.

Sasa nikueleze ya siku ya mnada. Uliishia CD ya tisa ya tamthilia ya Mirini uliyokuwa ukiwaonyesha. Zilibaki tatu, na akina mama wa Oldeani walikuwa wakimuuliza mama sokoni, kwa heshima lakini mara nyingi, kama yule kijakazi wa ikulu anayeigizwa na Mirini atapona. Nikawaambia waje. Walikuja, banda likajaa hadi mlangoni. Nikasimama pale unaposimama wewe. Nikaishika rimoti kwa mikono miwili.

Niliwaambia kila kitu. Kwamba mimi ndiye niliyetunga, nikiwa mtoto, na nikiwa mkubwa nikanyamaza. Kisha nikawasomea maisha yake kweli, yale ya kwenye karatasi na yale ya intaneti ambayo sikuwahi kukupa yote. Alianza na miaka kumi na sita, kwenye kundi la wasichana wanne, wanacheza na kuimba. Kundi likavunjika. Akatoa kanda peke yake, ndiyo ile yako, haikwenda popote. Akaenda kwenye tamthilia, watazamaji wakalalamika kwamba anasema maneno kama mwanafunzi anayesoma ubaoni. Wakamtoa katikati ya tamthilia, nafasi yake akapewa mwingine. Akakaa nyumbani zaidi ya mwaka, hakuna anayempigia simu. Aliporudi walimpa ukijakazi wa kubeba sinia, maneno manne tu katika sehemu nzima. Akayasema hayo manne mpaka wakampa mengine.

Mama Hamisi, yule Mnyiramba anayekaa karibu na spika, akauliza, "Kwa hiyo huyu si wa kahawa?"

Nikasema siyo.

Akafunga kanga yake vizuri. "Lakini walimfukuza, akarudi kubeba sinia?"

Nikasema ndiyo.

"Basi weka CD."

Nikaweka. Nilifasiri kwa kusoma maandishi ya Kiingereza ya chini ya picha, nikachelewa, nikaruka sentensi, mtu wa nyuma akapiga kelele kwamba marehemu alikuwa akifasiri haraka. Ni kweli. Baadaye niliacha kusoma nikaangalia uso wa Mirini, hapo ikaenda. Kijakazi anapona, baba. Anaondoka ikulu kwa miguu, na kabla ya kufika mtoni anaanza kuimba. Kwa sauti yake mwenyewe, ile ile ya kanda. Ulikuwa sahihi kuhusu alama ya jicho. Wangekuwepo wote waliokucheka.

Arusha wanasema imeingia tamthilia yake mpya na amekata nywele. Nitaifuata wiki ijayo. Kanda ipo kwa mama, anaisikiliza akipepeta mahindi, anadai haielewi lakini ameshajua kuipiga mluzi.

Mwezi ujao nitakuja Buger kupalilia kaburi. Nitakuja na karatasi ile, nikusomee nikiwa nimesimama, polepole, mstari kwa mstari, na nisipojua neno nitasema sijui. Nakuahidi hilo, na mbele ya watu wa banda pia sitasema neno nisilolijua. Pumzika, baba. Mguu hauumi tena.

Alizaliwa mjini. Baba yake alikuwa hai, alimpenda, alimwacha aimbe.

Siyo vile nilivyokwambia. Ndivyo hivi.

Martina wako