Nzoia ya Huku Haina Kelele

Mama mpendwa,

Kitale ni baridi kweli, lakini wakwe wamenipokea vizuri. Jana nilimwandalia mama mkwe ugali wa wimbi na mboga, nikamwambia, "Karibu, mama!" Akashtuka. "Mbona unanigombeza?" Ikabidi mume wangu amweleze kwamba kwetu Webuye tunaishi kando ya maporomoko ya maji, na asiyepaza sauti hasikiki.

Leo nimechota maji Nzoia huku juu. Ni mto wetu ule ule, Mama, lakini hapa unapita kimya, na mimi nimeanza kusema polepole kama wao. Mungu akutunze. Ndugu yangu Wafula akikusomea kadi hii, mkae nje karibu na maji, aisome kwa kelele. Hapo utanisikia.

Binti yako,
Nekesa