Mdomo wa Somoe

Mjukuu wangu Zuhura,

Salamu nyingi kutoka Ziwani. Sisi wazima. Babu yako anapalilia mikorosho huku akililalamikia goti, na mama yako mdogo kajifungua salama mtoto wa kiume.

Umeniuliza, jeraha likikutisha uanzie wapi kushona. Miaka ya tisini, nikiwa nesi wa zahanati hapa, aliletwa msichana anaitwa Somoe. Alijikwaa akaangukia mbuzi ya nazi, mdomo wa juu ukapasuka hadi karibu na pua. Mama yake alikuwa analia. "Nesi, huyu anaolewa mwezi huu."

"Basi wewe mshike mkono," nikamwambia. "Mdomo niachie mimi."

Kabla ya sindano ya ganzi nilitia vidoa viwili vya dawa ya zambarau, kila upande kimoja, pale rangi ya mdomo inapokutana na ngozi. Ganzi huvimbisha, na ule mstari ukishapotea huupati tena. Mshono wa kwanza niliupitisha hapo, kwa uzi mwembamba wa nailoni, doa likakutana na doa. Yaliyobaki yalikuwa kazi ya kawaida. Kwa hiyo usianzie panapokutisha. Anzia pale ambapo kosa dogo kama unene wa uzi litaonekana maisha yote.

Juzi Somoe kaja kunisalimia na binti yake. Nikavaa miwani, nikamshika Somoe kidevu, nikautafuta mshono wangu upande wa kulia wa mdomo.

Akacheka. "Bibi, ilikuwa kushoto."

Ni mimi bibi yako,
Mwanahawa